Neno la Jiwe na Neno la Mti

Mwanafunzi anapofika mwisho wa masomo yake, shule humtaka aache neno moja fupi. Katika kitabu cha kumbukumbu cha wahitimu, chini ya picha na jina lake, huachwa nafasi ya mstari mmoja au miwili, naye hutakiwa kuijaza kwa usemi ambao wenzake watamkumbuka kwao. Wako wanaotafuta methali, wako wanaokwenda kwa Maandiko Matakatifu, na wako wanaoazima kauli ya kiongozi mashuhuri. Kazi hiyo huonekana nyepesi kwa sababu nafasi yenyewe ni ndogo. Walakini uzito wake umo katika udogo huo. Mwenye kurasa mia aweza kusema neno katika ukurasa wa kumi na kulisahihisha katika ukurasa wa hamsini. Mwenye mstari mmoja hana mahali pa kujirudi. Miaka thelathini ikipita, sauti yake itakuwa imesahauliwa, na mstari ule utakuwa bado unasema kwa niaba yake.

Kwa hiyo yafaa kuuliza ni kwa kipimo gani neno la kumbukumbu huchaguliwa, na ni kitu gani hupotea linapochaguliwa. Swali hilo lina kisa chake katika historia, na kisa hicho kilianzia Tabora.

Kanyenye ni kata ya mji wa Tabora. Imo katika nchi iliyojulikana zamani kwa jina la Unyanyembe, mahali ambapo njia kuu ya misafara kutoka Bagamoyo iligawanyika: tawi moja lilielekea magharibi hadi Ujiji, penye ziwa Tanganyika, na jingine lilipanda kaskazini hadi Karagwe na Buganda. Burton na Speke walipofika huko mwezi wa Novemba 1857, waliuita mji wa wafanyabiashara walioukuta Kazeh. Pembe za ndovu zilishuka pwani kwa njia hiyo. Nguo, shanga, waya na baruti zilipanda bara. Wapagazi wengi walikuwa Wanyamwezi, na mzigo wa kawaida wa mtu mmoja ulikuwa frasila mbili hivi, yaani zaidi ya kilo thelathini, mbali na chakula, chungu na mkeka wake. Katika njia hiyo hiyo walipitishwa pia watu waliofungwa minyororo. Hapana budi kulitaja jambo hilo mapema, kwa kuwa neno litakalozungumzwa hapa lilizaliwa nalo.

Kilomita chache kutoka Kanyenye ipo Kwihara. Hapo David Livingstone na Henry Morton Stanley walifika pamoja mwezi wa Februari 1872, baada ya kukutana Ujiji mwishoni mwa mwaka uliotangulia. Tarehe 14 Machi Stanley alishika njia ya pwani kwenda kutangaza habari zake. Livingstone alibaki katika tembe la Kwihara akingoja wapagazi ambao Stanley aliahidi kumletea. Alingoja miezi mitano. Tarehe 1 Mei 1872 aliandika katika shajara yake kwamba amenunua ng'ombe wa maziwa kwa doti 11 za merikani, na kwamba amemaliza barua kwa gazeti la New York Herald la Marekani. Kusudi la barua lilikuwa kuwaamsha Wamarekani wasaidie kukomesha biashara ya watumwa ya pwani ya mashariki ya Afrika. Mwishoni, akiutaja upweke wake, aliomba baraka za mbinguni zimshukie kila mtu, awe Mmarekani, Mwingereza au Mturuki, atakayesaidia kuliponya donda hilo la ulimwengu.

Mwaka mmoja baadaye mtu huyo alikufa katika kijiji cha Chitambo, nchi ya Ilala, ambayo leo imo Zambia. Tarehe inayokubaliwa na wengi ni 1 Mei 1873. Mwili wake ulizikwa katika kanisa la Westminster, London, tarehe 18 Aprili 1874. Waliotayarisha jiwe la kaburi walikuwa na vitabu vyake, hotuba zake, barua zake na shajara za miaka mingi za kuchagua. Katika bahari hiyo ya maandishi walichota sentensi ile ya mwisho wa barua ya Kwihara, wakaichonga. Horace Waller, aliyehariri shajara zake za mwisho, alieleza kwamba hapakuonekana maneno mengine yaliyomwakilisha mtu yule vizuri zaidi. Ndivyo sentensi iliyoandikwa tembeni Unyanyembe, siku ya kununua ng'ombe, ilivyopata kuwa neno la kumbukumbu katika kanisa la wafalme wa Uingereza.

Uteuzi huo una mambo ya kusifiwa. Walioteua waliacha maneno ya fahari juu ya mito na maziwa, wakashika neno la huruma. Walichukua sentensi ambayo mwenyewe aliiandika akiwa na haja, akiwa mbali na kila mtu wa lugha yake. Tena neno lenyewe lilikuwa na kazi ya kufanya: lilimwomba msomaji atende jambo. Katika mambo hayo matatu jiwe la Westminster laweza kuwa mwalimu mwema kwa mwanafunzi yeyote anayetafuta mstari wake.

Lakini neno lililokatwa kutoka katika barua huacha barua nyuma yake. Barua ilikuwa na wasomaji wake maalumu, watu wa Marekani, na kwa hiyo ilikuwa desturi njema kuwataja wao kwanza. Jiwe halina wasomaji maalumu. Lasomwa na kila apitaye. Na asomaye leo, hasa akiwa ametoka Tabora, hawezi kukosa kuona kwamba miongoni mwa waganga waliotajwa kwa jina la taifa lao, Mwafrika hayumo. Yeye ndiye mwenye donda, na orodha haikumtaja kuwa mponyaji. Barua yaweza kusamehewa upungufu huo, kwa kuwa ilikuwa ombi lililopelekwa mahali fulani kwa watu fulani. Mara ilipogeuzwa jiwe, upungufu ule uligeuka kuwa tamko.

Ili kuona ukubwa wa upungufu huo, yafaa kutazama maandishi mengine ya kumbukumbu ya mtu yule yule, yaliyotangulia yale ya London kwa muda wa karibu mwaka mzima.

Mwezi wa Agosti 1872 wapagazi walioahidiwa walifika Kwihara. Pamoja nao alikuwamo kijana aliyeitwa Jacob Wainwright, Myao kwa asili, ambaye alitekwa utumwani utotoni, akakombolewa, akasomeshwa katika shule ya Nasik nchini India. Livingstone aliondoka Unyanyembe tarehe 25 Agosti pamoja nao na pamoja na watumishi wake wa zamani, Abdullah Susi na James Chuma. Alipokufa, watu hao walikaa shauri. Wangaliweza kumzika palepale na kwenda zao; hapakuwa na bwana wa kuwalaumu. Waliamua kuurudisha mwili kwao. Moyo wake waliuzika chini ya mti mkubwa, mwili wakautia chumvi na kuukausha juani kwa siku kumi na nne, na Wainwright akasoma ibada ya maziko. Kisha akachonga maandishi juu ya gome la mti: jina la Livingstone, tarehe ya Mei 4, 1873, na majina ya baadhi ya wenzao wa safari, Mniasere na Uchopere miongoni mwao.

Hilo ndilo neno la mti. Halina sala wala fasaha. Lina jina la maiti, siku, na majina ya watu waliokuwapo. Mchongaji alijua kusoma na kuandika. Kama angalitaka aya tukufu, alikuwa nazo tele kichwani, kwa kuwa alikuwa amekwisha kuisoma ibada nzima. Katika nafasi ndogo aliyokuwa nayo aliona yafaa kuhifadhi ushahidi: nani amelala hapa, lini, na nani walisimama naye.

Msafara ukarudi kwa njia ya Unyanyembe. Mwezi wa Oktoba 1873 ulifika huko ukakutana na Luteni Verney Lovett Cameron, aliyetumwa kutoka Uingereza kumsaidia Livingstone. Cameron alishauri mwili uzikwe hapo Unyanyembe, kwa kuwa njia ya mbele ilikuwa na hatari na watu wa nchi waliogopa kupitisha maiti. Wapagazi walikataa. Walikuwa wameamua jambo kwa Chitambo, na afisa wa jeshi la majini hakuwabadilisha. Huko mbele, hofu ya wenyeji ilipozidi, walijifanya wameirudisha maiti Unyanyembe ikazikwe, na kumbe wameifunga upya kwa umbo la mtumba wa nguo wa kawaida, wakaendelea. Walifika Bagamoyo mwezi wa Februari 1874, baada ya safari ya miezi tisa hivi.

Sasa lirudiwe jiwe. Juu kabisa linasema kwamba Livingstone aliletwa na mikono miaminifu kwa nchi kavu na kwa bahari. Ni sifa ya kweli na ni sifa njema. Hata hivyo mikono ile haina majina. Susi na Chuma walifika Uingereza maziko yakiwa yamekwisha; Wainwright peke yake ndiye aliyewahi, akawa mmoja wa walioshika sanda ya jeneza. Baadaye Chama cha Kifalme cha Jiografia kilitengeneza medali zipatazo 60 kwa ajili ya watu wa msafara ule, kila moja ikiwa na jina la mtu wake ukingoni. Zilipofika Unguja, wengi wao walikuwa wamekwisha kutawanyika kutafuta kazi nyingine. Mti nao ulikatwa mwaka 1899, na kipande chenye maandishi kikapelekwa London. Hivyo maandishi yote mawili yamo katika mji mmoja. Lile la jiwe hukanyagwa na kusomwa na umati wa watu kila siku; lile la mti, lenye majina, limewekwa katika hifadhi, nalo hujulikana na wachache.

Yaweza kusemwa kwamba majina ni jambo dogo, na kwamba neno kubwa la huruma lilifanya kazi kubwa. Hoja hiyo ina haki ya kupimwa kwa historia. Tarehe 5 Juni 1873, kabla habari za kifo kufika pwani, Sultani Barghash wa Unguja alitia sahihi mkataba wa kufunga soko la watumwa na kuzuia usafirishaji wao baharini. Barua, ripoti na hotuba za Livingstone zilikuwa miongoni mwa mambo yaliyoamsha watu wa Uingereza wakadai mkataba ule. Huo ni wema usiofaa kufichwa.

Lakini neno fupi halichagui watu wa kulitumia. Donda la Afrika liligeuka kuwa hoja ya kila aliyetaka kuja na dawa yake, na dawa nyingine ilikuwa mizinga. Katika Mkutano wa Berlin wa 1884 na 1885, mataifa yaliyokuwa yakijiandaa kugawana bara yaliahidi kwenye karatasi kusaidia kukomesha utumwa. Mwezi wa Januari 1893 majeshi ya Wajerumani yaliivunja ngome ya Mtemi Isike wa Unyanyembe, naye alichagua kujilipua kwa baruti kuliko kutekwa. Na utumwa wenyewe? Utawala wa Kijerumani uliweka sheria za kuupunguza, lakini haukuufuta. Ulifutwa kisheria katika Tanganyika mwaka 1922, chini ya Waingereza, miaka 50 baada ya barua ya Kwihara. Neno lililoomba baraka kwa waponyaji halikuweza kutofautisha kati ya mponyaji na mnyang'anyi aliyevaa joho la mponyaji. Halikuwa na jina la mtu wa nchi ile ambaye angeweza kuulizwa: je, umepona?

Hapo ndipo wahitimu wa Tabora wanapoingia. Katika miaka ya 1920 serikali ya Kiingereza ilifungua Tabora shule iliyokusudiwa hasa kwa wana wa machifu, wapate kuandaliwa kwa utawala. Julius Nyerere alisoma katika shule hiyo tangu 1937 hadi 1942, na baada ya Makerere akarudi kufundisha katika shule ya St. Mary's mjini humo humo. Mwaka 1964, akiwa Rais, alipokuwa akieleza mpango wa maendeleo wa miaka mitano, alitoa mfano juu ya watu waliosomeshwa. Aliwafananisha na mtu aliyepewa chakula chote kilichobaki katika kijiji chenye njaa, apate nguvu za kwenda mbali kuwaletea wenzake msaada. Akila chakula hicho kisha asirudi, amekuwa msaliti. Mfano huo waeleweka mara moja katika nchi ya misafara. Mpagazi alipewa posho kwa sababu ya mzigo, na mzigo ulikuwa na mahali pake pa kufika.

Miaka miwili baadaye mfano ule ulijaribiwa. Mwezi wa Oktoba 1966 wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam waliandamana kupinga sharti la Jeshi la Kujenga Taifa na makato ya mishahara yaliyofungamana nalo. Walikuwa na hoja zao juu ya masharti, na baadhi ya hoja zaweza kujadiliwa hata leo. Lakini walipochagua maneno machache ya kuandika katika mabango, mojawapo lilidai kwamba afadhali enzi ya mkoloni. Wanafunzi zaidi ya 300 walirudishwa makwao, na wengi wao walirejeshwa chuoni baadaye. Hoja ndefu za risala yao zimesahauliwa na watu wengi. Bango lile fupi limekumbukwa. Bila shaka yupo aliyeliandika kwa hasira ya asubuhi moja. Kumbukumbu haikuuliza hasira ile ilidumu saa ngapi.

Kutokana na visa hivi vitatu, vya jiwe, mti na bango, vyaweza kupatikana vipimo vitatu kwa mwenye kuchagua neno lake la kumbukumbu.

Kwanza, na ajue neno lilitoka wapi. Anayeazima kauli ya kiongozi au aya ya kitabu ana wajibu wa kuisoma barua nzima kabla ya kuikata sentensi yake, kwa sababu kauli iliyosemwa kwa watu fulani hubadilika inaposemwa kwa wote. Wako wanaonukuu nusu ya mfano wa Nyerere, ile ya chakula na heshima ya msomi, wakaiacha nusu ya kurudi kijijini. Nusu hiyo peke yake yasema kinyume cha mfano mzima.

Pili, na aulize ni nani hayumo. Mhitimu hakufika mwisho wa safari kwa miguu yake tu. Yupo mzazi aliyeuza ng'ombe au magunia ya mpunga, yupo mwalimu, yupo mpishi wa shule aliyeamka kabla ya jogoo. Katika msafara wa Livingstone alikuwamo Halima, mpishi, ambaye shajara zinamtaja na jiwe halimjui. Usemi unaomtukuza msemaji peke yake hupunguza ukweli wa safari iliyomfikisha. Mstari mmoja haujai sana hata ukose nafasi ya jina la mtu mmoja.

Tatu, na atazame kama yuko tayari kuulizwa juu ya neno hilo. Wapagazi wa Chitambo hawakuandika kwamba wao ni waaminifu. Waliandika tarehe na majina, kisha wakabeba mzigo miezi tisa, na uaminifu ukaandikwa na wengine juu yao. Mhitimu anayechagua neno kubwa, kama vile haki, uhuru au utumishi, amejitwika deni. Hakuna ubaya katika deni hilo iwapo anakusudia kulilipa. Methali husema ahadi ni deni, na neno la kumbukumbu ni ahadi iliyopigwa chapa.

Yaweza kuulizwa kama vipimo hivyo si vizito mno kwa kijana wa miaka kumi na minane anayetaka tu kuwafurahisha wenzake. Mzaha nao una haki yake katika kitabu cha kumbukumbu, na mzaha mwema hukumbukwa kwa upendo kuliko hekima ya kuazima. Hata mzaha wapimika vivyo hivyo: watoka wapi, wamcheka nani, na je, aliyechekwa aweza kuusoma bila kuumia? Ukivuka hapo ni mzaha unaofaa kuwekwa.

Jacob Wainwright alirudi Afrika, akafanya kazi na wamisheni sehemu mbalimbali, na mwaka 1892 akafa Urambo, magharibi ya Tabora, katika nchi ile ile aliyoipita akiwa amebeba maiti ya mtu mwingine. Alikuwa mwanafunzi wa shule, aliyetumia elimu yake kuandika shajara ya safari na kuchonga majina ya wenzake juu ya mti kabla hajaondoka. Wahitimu wa Kanyenye na shule zote za Tabora wana haki ya kumhesabu miongoni mwa wakubwa wao. Wakiwa na karatasi tupu mbele yao, wanaweza kuanza pale alipoanzia yeye: jina, siku, na watu waliokuwapo. Neno lolote zuri litakalofuata baada ya hapo litakuwa limepata mahali pa kusimama.